Neno Nililolisimika Njia Panda

Jumamosi, 11 Januari

Nimenunua daftari. Jalada gumu. Mimi niliishia darasa la saba, lakini darasa la saba la zamani lilikuwa na uzito wake, kwa hiyo nitaandika mwenyewe bila kumsumbua mtu.

Habari ya leo ni kubwa. Mwalimu Kinoti, yule Mmeru anayefungua shule ya bweni karibu na kisima kipya, anatafuta mama wa kumletea maziwa ya ngamia kila asubuhi. Chai ya watoto, uji wa watoto. Alhamisi atakuja sokoni kuchagua. Anataka mmoja tu.

Huyo mmoja ni mimi. Maziwa yangu yanatoka kwa ngamia wa kaka yangu Abdiwahab, na mitungi naifukiza mwenyewe kwa moshi mpaka mgonjwa akinusa anakaa kitako. Tatizo ni kibanda. Kiko uchochoro wa tatu, nyuma ya fundi wa kuchomelea vyuma. Maziwa yanafika, mteja hafiki. Ikifika alasiri yameshalala, tunabeba nyumbani, tunakunywa siku tatu. Mume wangu ameniuliza kama siku hizi maji yamekatazwa.

Nisipoipata hii shule, Abdiwahab atampa mtu mwingine maziwa yake. Amesema wazi. Kaka wa tumbo moja.

Fowsiya naye anaitaka. Fowsiya ni dada wa mume wangu, anauza uchochoro wa pili. Uchochoro mmoja tu mbele yangu, lakini anavyotembea utadhani amekaa mlangoni mwa benki.

Jumapili, 12 Januari

Nimepata njia.

Mwalimu ni mtu wa Kiingereza. Mtu wa Kiingereza anavutwa kwa Kiingereza. Na nani hapa sokoni ana Kiingereza nyumbani? Mimi. Binti yangu Sagal ana diploma ya ualimu, somo lake ni Kiingereza chenyewe, na alipokuwa kwenye mazoezi kule Griftu wanafunzi walilia alipoondoka. Wengine walilia kwa sababu ya mtihani, anasema yeye. Ni unyenyekevu tu. Nimemlea vizuri.

Nikamwambia anipe neno la kuita wateja. Akasema welcome. Nikamwambia welcome iko kwenye kila hoteli, iko kwenye kinyozi, hata choo cha kulipia pale stendi kina welcome. Nataka neno ambalo mtu mwingine hana. Akafungua kamusi yake ya zamani, ile isiyo na jalada, akatafuta, akacheka peke yake. Akasema liko moja. Hither.

Maana yake ni “kuja hapa nilipo.” Si “hapa” tu. Ni hapa pamoja na safari ya kuja hapa. Akasema Waingereza walikuwa wakilitumia zamani sana, sasa wameliacha, limebaki kwenye vitabu vya kale. Siku hizi “hapa” na “kuja hapa” wanasema neno lilelile.

Nikamwambia, lakini hiyo si ni soo yetu ya Kisomali? Sisi tukisema soo gal, tunamwambia mtu aingie, aje huku tulipo. Mtoto wa miaka miwili anaijua. Sagal akaacha kucheka. Akasema, hooyo, mama yangu, ni hiyo hiyo kabisa, chuoni iliwachukua wiki nzima kuielewa.

Mimi imenichukua muda wa kupepeta mchele. Sijui kwa nini hawakunipeleka sekondari.

Nimewahurumia Waingereza. Kuwa na soo halafu uipoteze. Watu wenye meli.

Jumatatu, 13 Januari

Nimekwenda kwa Vincent, mchoraji wa vibao, mtu wa Kisumu, anakaa karibu na duka la matairi. Nikamwambia aandike HITHER, herufi kubwa, nyeupe juu ya kijani. Akauliza kama ni hoteli. Nikamwambia ni Kiingereza. Akauliza kama ni dini mpya. Nikamwambia achore.

Akataka kuweka mshale. Nikakataa. Mshale ni wa watu wasio na neno. Neno hili lina safari yake ndani, ukiliwekea mshale unalitukana. Vincent akasema kazi yake ni rangi, hagombani na mama wa watu, lakini kibao bila mshale ni kama simu bila laini. Nikamwambia yeye hana mtoto mwenye diploma.

Jioni Sagal akauliza kibao kitakaa wapi. Nikasema njia panda, barabara kubwa inapokutana na uchochoro wa kwanza. Akasema hapana, hooyo. Neno hili linaita watu kwa yule anayelisema. Lazima likae kibandani kwangu, juu ya kichwa changu. Njia panda litaita watu njia panda.

Nikamuuliza, kibandani nani ataliona? Fundi wa vyuma? Yule amevaa miwani nyeusi mchana kutwa.

Ana akili nyingi lakini biashara bado.

Jumanne, 14 Januari

Kimesimama. Nguzo mbili za mgunga, mashimo nimechimba mwenyewe.

Watu walivyojaa. Wenye mikokoteni ya punda wamesimama, wasichana wa shule wamesimama, mzee mmoja aliyetoka Banissa kuuza mbuzi amesimama kwa muda mrefu akauliza kama ni jina la mtu aliyekufa. Kila mtu anauliza maana yake nini. Nikawa nakimbia kutoka kibandani kwenda kuwaeleza, nikirudi kibandani wengine wamefika. Siku nzima nimekimbia. Nimeuza mitungi miwili chini ya jana kwa sababu nilikuwa sipo. Lakini jina langu limesikika mpaka kwa wauza mirungi.

Nikampigia Mwalimu Kinoti simu. Nikamwambia Alhamisi asisumbuke kuuliza mtu. Akifika njia panda ataona neno. Alifuate neno tu. Akauliza neno gani. Nikamwambia, mwalimu, wewe ni mtu wa kusoma, ukiliona utalijua.

Akacheka kwa heshima. Nimeshashinda.

Jumatano, 15 Januari

Fowsiya amehama.

Nimefika asubuhi kumkuta amekaa chini ya kibao changu. Stuli yake, mwavuli wake, mitungi yake sita imepangwa kivulini mwa HITHER yangu kama mbuzi wanaonyonya. Nikamuuliza anafanya nini hapo. Akasema, “Abaayo, dada yangu, niliulizia maana yake. Wakaniambia kinasema njoo hapa. Nikaona ningekataa ungesema nina kiburi.”

Nikamwambia ni kibao changu. Akakubali kibao ni changu, kweli kabisa, Mungu akibariki, lakini ardhi ni ya barabara. Akanimiminia kikombe cha maziwa yake nionje. Moshi mwingi. Nilikimaliza kwa sababu ya adabu.

Nilitaka kukasirika lakini nikafikiri kwanza, ndiyo tofauti yangu na wengine. Nani amechoka kukimbia na kueleza maana ya neno? Mimi. Na nani sasa atakaa pale akieleza siku nzima? Fowsiya. Atakuwa mlinzi wangu wa mlango, bila mshahara. Watu watakuja kwa neno, watamkuta yeye, atawaonyesha njia ya kwangu. Hawezi kukataa, mimi ni mke wa kaka yake.

Nikamwambia akae tu. Akanishukuru mno. Akaniita macaan, mtamu wake. Ile furaha yake nimeiona ndogo kidogo kuliko inavyostahili.

Sagal amerudi akipitia njia panda, ameingia ndani, ameanza kuosha vyombo vilivyo safi.

Alhamisi, 16 Januari

Siku ya Mwalimu.

Nilifika alfajiri. Nilimwaga maji uchochoroni vumbi likae. Nilitandika mkeka wa harusi. Nilichoma uvumba mpaka fundi wa vyuma akaja na ndoo akidhani ni moto. Nilivaa gauni, dirac ya buluu ile niliyovaa Sagal alipohitimu. Mitungi minane ya maziwa, mizuri, Abdiwahab mwenyewe aliongeza miwili baada ya kusikia habari ya shule.

Saa tatu, kimya. Saa nne, mbuzi aliingia akala ukingo wa mkeka. Saa tano nilijizoeza kusema good morning, kisha good afternoon. Fundi wa vyuma alikuja kuniuliza kama nina mgeni au msiba.

Saa saba nilimpigia Mwalimu. Akasema, Mama Sagal, ahsante sana, maziwa ni mazuri sana, tumeshaandikiana, tunaanza Jumatatu.

Nikamuuliza, mmeandikiana na nani?

Akasema amefika njia panda saa mbili na nusu. Akaliona neno. Akasema amefundisha Kiingereza miaka kumi na nane na hajawahi kulikuta nje ya kitabu, alisimama pale akaondoa kofia. Na kwa kuwa neno linasema njoo hapa, na alikuwa ameshafika hapo, alikaa. Mama mmoja mpole akampa chai. Alimuuliza kama hapa ndipo, akajibiwa, “Mwalimu, wewe ndiye unayejua kusoma. Kimeandikwaje?” Akaona jibu hilo lina hekima.

Nikamwambia mama huyo ni Fowsiya. Akasema ndiyo, Mama Fowsiya, dada yako, amekusifu sana.

Mitungi minane. Tumeanza kunywa. Mume wangu amesema hasemi kitu. Abdiwahab amepiga simu mara nne, sijapokea. Nikae nimwambie nini, kwamba neno lilifika na mimi sikufika?

Nimelia kidogo, nikiwa nimevaa dirac. Sagal akaja akakaa karibu yangu akanishika mkono. Hakusema nilikuambia. Mtoto wa mwingine angesema.

Ijumaa, 17 Januari

Nimempeleka Fowsiya kwa Mzee Warfa, mwenyekiti wa soko. Baada ya swala ya Ijumaa, mbele ya watu. Nilidai kibao ni changu, neno ni langu, na kila kilichovutwa na neno ni changu, pamoja na shule.

Fowsiya alidai kibao hakikutaja jina la mtu.

Mzee Warfa akasema yeye hajui Kiingereza cha sasa, sembuse cha wazee wao. Akauliza nani anaweza kusema ukweli juu ya neno hili. Nikasema Sagal. Nilisimama kabisa nikimtaja, nikaeleza diploma, nikaeleza na Griftu. Mzee akasema imetosha, mama, aitwe.

Sagal akaja. Alisimama wima, sauti safi, mikono imetulia. Akaeleza kwamba hither ni kama soo yetu, inamvuta mtu kwa yule anayesema. Watu wakasema kumbe. Mzee Warfa akauliza, mtu akisimama njia panda akiita soo dhawow, karibu huku, wewe utakwenda njia panda, au utakwenda uchochoro wa tatu nyuma ya fundi wa vyuma?

Sagal akaniangalia. Kisha akasema, njia panda.

Watu wakacheka mpaka muuza mahamri akamwaga chai. Mzee akaamua: kibao kinaita mahali kilipo. Fowsiya alikuwa pale, mimi sikuwa pale. Shule ni ya Fowsiya. Kibao ni changu, naweza kukichukua nikitaka, lakini watu wamekizoea na itakuwa vibaya.

Nimeshindwa na shahidi wangu mwenyewe. Lakini alivyozungumza. Hata Mzee Warfa aliuliza kama ameolewa. Nilitoka pale na kichwa juu, wageni wangedhani mimi ndiye niliyeshinda.

Fowsiya alinifuata akasema, abaayo, shule ikitaka zaidi ya mitungi yangu nitachukua yako, nitamwambia Mwalimu ni ya nyumbani kwetu. Nikamjibu nitafikiria. Siwezi kuwa chini ya mtu anayetumia moshi namna ile. Abdiwahab amesema nina mpaka mwisho wa wiki ijayo.

Jumamosi, 18 Januari

Sikulala vizuri kwa kuwaza, lakini nimeamka nimeelewa kosa lilikuwa wapi. Kosa halikuwa langu. Kosa lilikuwa la neno. Lilikuwa fupi mno kwa kazi niliyolipa.

Nikamwambia Sagal Waingereza hawawezi kuwa na neno moja tu la namna hii, watu wenye meli. Lazima lina ndugu. Akasema, hooyo, tafadhali. Nikamwambia hii ni mara ya mwisho. Akasema liko, thither. Maana yake ni kwenda kule, mbali na hapa. Kama sii yetu, mtu anapoambiwa sii soco, aendelee na safari yake huko.

Nikamkumbatia. Hilo ndilo neno. Fowsiya yuko hapa, mimi niko kule. Watu wanatakiwa kwenda kule.

Sagal akaanza kueleza jambo juu ya mahali pa kulisimika. Nikamwambia jambo hilo nimeshajifunza, tena mbele ya mahakama: usisimike neno mahali pasipo pako, mwingine atalikalia. Hili halitakanyaga njia panda. Litakaa kwangu, kwenye mlango wa kibanda changu, juu ya kichwa changu, kama alivyoniambia mwenyewe Jumatatu. Nisimsikilize mtoto wangu nimsikilize nani?

Akaifunga kamusi yake, akaikumbatia kwa mikono miwili. Ameguswa.

Jumatatu, 20 Januari

Vincent amemaliza. THITHER, nyekundu juu ya nyeupe, na safari hii nimemruhusu mshale, mrefu, unaoonyesha upande wa barabara ili watu wajue Kiingereza hiki kinahusu safari. Kimepigiliwa juu ya mlango, hakuna dada wa mume atakayekikalia. Mitungi mitano imepangwa chini yake.

Neno hili lina nguvu kuliko lile la kwanza. Ni saa nne tu na watu saba wameshafika mpaka uchochoro wa tatu kuliona. Wa saba alikuwa mwalimu mgeni, kijana wa kutoka Embu, na chupa ya kununulia maziwa mkononi. Alilisoma kwa sauti, akaniangalia, akaangalia mshale, akanishukuru kwa kumwelekeza, akaondoka haraka.

Wote saba wameondoka haraka. Wameelewa bila hata mmoja kuuliza.