Ombi la Kumrudisha Mume Wangu Mlimani

Kwa Mkuu wa Ofisi ya Waongoza Wapanda Mlima,

Mheshimiwa,

Mimi ni mke wa mwongozaji wenu yule mrefu, mnayemwita Taratibu, mliyemstaafisha mwaka huu kwa sababu ya goti. Mlimpa saa ya ukutani, mkampigia makofi, mkaniletea mimi. Kwa heshima zote naomba mumchukue tena, kwa sababu zifuatazo:

1. Ananiongoza. Nyumba hii naifagia tangu niolewe, lakini kutoka jikoni hadi sebuleni hutangulia yeye, kisha hugeuka kuniuliza kama napumua vizuri. Kwenye ngazi tunapumzika katikati. Nina kiu, sina kiu, chupa ya maji iko mdomoni.

2. Kamba. Tukienda sokoni hunifunga kiunoni, na ncha ya pili hujifunga mwenyewe. Muuza vitunguu aliniuliza kama siku hizi nimekuwa mbuzi. Mume wangu akamjibu kwa upole kwamba pale kwa wauza samaki pana utelezi, naye hajawahi kumpoteza mtu. Nilitamani ardhi ipasuke nizame, ila angeikagua kwanza.

3. Dada yangu alipokuja kutusalimia, alivuliwa viatu mlangoni kwa kuwa visigino havifai, akavalishwa soksi mbili mbili za sufu. Hajarudi tena. Hili nalitaja kwa ukamilifu tu, sina kinyongo nalo.

4. Saa ya kugeuka. Sheria ni yenu: ikifika saa nane mchana, hata kilele kiwe pua na mdomo, mnageuka. Basi siku ya harusi ya binti yetu gari likatuharibikia njiani, tukatembea. Saa nane ilitukuta getini pa ukumbi. Muziki nausikia, kaka yangu namwona ananipungia mkono! Mume wangu akatazama saa, akatazama mawingu, akasema tumejitahidi sana, ukumbi hauhami, tutajaribu siku nyingine. Nilikuwa nimefungwa kamba, ningefanyaje? Nililia njia nzima, naye akanisifu kwamba nashuka vizuri. Binti yangu mpaka leo hanisemeshi.

Kwa hiyo arudishwe kazini. Goti likigoma, mpandisheni mumwache hukohuko juu, chakula nitatuma. Hilo nalo likishindikana, mlima usogezwe huku. Nina uwanja nyuma ya nyumba, nguo nitaanika kwingine.

Nisalimieni wapagazi, mpishi wa kambini, na karani aliyeichagua ile saa.

Ni mimi, wa ncha ya pili ya kamba,
Mke wa Taratibu

Tanbihi: Nilipomwambia namwombea kazi, alifurahi kama mtoto, akaanza kupaka buti mafuta. Nikamwona anavyoinama kwa tabu. Nikakumbuka miaka yote niliyosimama dirishani nikiutazama huo mlima wenu, chakula hakipiti kooni mpaka nisikie buti zake mlangoni. Jamani, siwezi tena. Buti moja nimeificha kwenye pipa la unga. Akija huko mwambieni nafasi zimejaa. Barua naituma hivyohivyo kwa kuwa stempu nimeshabandika, lakini ombi lifuteni. Ile saa yenu ya ukutani imegonga nane, nami nageuka.