Ukomo wa Mshahara na Jiko la Odette

Jumatatu, 2 Desemba
Jiko letu halipo tena. Odette, mke wangu, amelibomoa lote kwa kuamini neno langu kwamba mshahara utapanda. Leo tumeoshea vyombo bafuni. Nina hofu. Sisi wakuu wa Ofisi ya Maboya hatupandi kwa miaka ya kazi. Mkurugenzi, Bi. Haldane, humpangia kila mtu kivyake, bila kuvuka ukomo wa mshahara uliowekwa na serikali. Ukomo uko wa aina mbili, na wetu ni ule wa chini, kwa sababu mwaka jana tulipopimwa utendaji wote tulipata “bora kabisa.” Hata mwenzetu Gus, aliyepoteza maboya mawili baharini! Serikali ikasema huko si kupima. Birdsong, mkuu mwenzangu wa chumba cha jirani, ananizidi mshahara. Kidogo tu, lakini inaniuma.

Jumatano, 4 Desemba
Nimepata mbinu. Nyongeza ndogo, sasa hivi, kimyakimya, nimpite Birdsong kabla kamati ya mishahara haijakaa. Nimemwambia Bi. Haldane kuna kampuni Baltimore inanigombania. Haipo. Kuna shemeji yangu tu, anauza boti. Bi. Haldane akaniuliza, tena na tena, kama kweli siwezi kusubiri wiki ijayo. Nikamjibu ngoja ngoja huumiza matumbo. Akashusha pumzi, akasaini.

Ijumaa, 6 Desemba
Nimempita Birdsong! Amekuja mwenyewe kunipongeza, na kipande cha pai ya maboga mkononi. Ati, “Hongera, mzee, umetuwahi wote.” Mbona anafurahi? Pai nimeila hata hivyo. Odette amepiga hesabu: nyongeza yangu inatosha bomba la sinki. Sinki lenyewe, bado.

Jumanne, 10 Desemba
Balaa. Safari hii upimaji wetu umekubaliwa (Gus kapewa “wastani,” akalia). Ukomo umepandishwa. Kamati imewapa wenzangu nyongeza nono, wote isipokuwa mimi. Mshahara wa mkuu ukishaguswa, hauguswi tena mpaka mwaka upite. Nikamuuliza Bi. Haldane kwa nini hakunikumbusha. Akasema waraka wa kuwakumbusha wakuu sheria hiyo niliuandika mimi, mwezi wa tatu. Ni kweli. Ulikuwa waraka mzuri.

Jioni Odette kaniuliza, “Mume wangu, hizi sufuria tutaziogesha mpaka lini?” Nimewasingizia mafundi. Naogopa kumwambia.

Jumatano, 11 Desemba
Ufumbuzi umenijia kwenye treni. Nyongeza ikifutwa, ni kama haikuwahi kutolewa, na kamati itanipa nono kama wenzangu! Nimemkuta Bi. Haldane hajavua hata koti, nikamwomba anirudishe palepale nilipokuwa. Akasema kushushwa nako ni kuguswa, na mwaka utaanza kuhesabiwa upya tangu leo. Alisema polepole, kama anayemfundisha mtoto kufunga kamba za viatu. Lakini mimi si mtoto wa jana. Bosi hasisitizi hivyo ila kuna kitu anachokificha. Nikasaini upesi asije akabadili mawazo. Birdsong, aliyekuwa mlangoni, ndiye aliyeniazima kalamu. Mabega yake yalikuwa yanatikisika. Wivu huo.

Nimempigia Odette achague vigae. Vya Italia, nimemwambia. Tusijibane.