Barabara Isiyoonekana ya Kigombe

Mwaka 1954, Idara ya Maono na Fahamu za Raia iliutangazia umma kuwa barabara ya lami ya Kigombe imekamilika, na kwamba wakazi wasioiona wana hitilafu ya macho inayoshughulikiwa kitaalamu.

Mtaalamu aliyeteuliwa alikuwa Idarusi, mpiga picha za maharusi kutoka mtaa wa Ngamiani, mjini. Mkuu wa Idara, Bwana Haliwel, alimkabidhi kamera ya sinema na kumwagiza atengeneze filamu ya kisayansi na kifalsafa, ieleze kwa nini mtu wa pwani haoni kilicho mbele yake. Idarusi hakuelewa hata neno moja. Aliitikia "Ndiyo, bwana," maana alikuwa hajapata kushika kamera nzuri kama ile.

Huko Kigombe alimkuta mkulima mmoja, Bi Chiku, shambani kwake, jembe mkononi.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Nawe waitafuta barabara?"

"Natafuta kwa nini huioni. Hapo mbele waona nini?"

"Mihogo yangu."

"Na chini ya mihogo?"

"Matope."

"Na chini ya matope?"

"Mwanangu, umekunywa chai leo?"

Chai alikunywa, ila alikuwa na jingine moyoni. Idara ilikwisha kumshitaki Bi Chiku kwa kupanda mihogo katikati ya barabara kuu, na Jumatatu ingeng'olewa yote. Idarusi akachungulia kwenye kamera, akiomba sayansi imwonyeshe japo kipande cha lami. Akaona mihogo.

Bwana Haliwel aliitazama filamu kwa makini, akatoa uamuzi.

"Kamera nayo imeambukizwa. Ipanguse kwa siki."

Jumapili akafika mkubwa wake kutoka Dar es Salaam, akapendezwa na ripoti ya Idara kuhusu barabara, akataka kuipita barabara hiyo kwa gari. Kwa Bwana Haliwel, kukataa kungekuwa kukiri kwamba barabara haipo. Akashika usukani. Idarusi akafuata kwa baiskeli, kamera begani. Gari likaingia katikati ya mihogo, likanguruma, likazama matopeni hadi milangoni.

Watu wa Kigombe wakaja, wakasimama.

"Sukumeni!" akafoka Bwana Haliwel.

"Tusukume nini, bwana?" akauliza Bi Chiku. "Gari liko juu ya lami. Leo sote twaiona, alhamdulillahi. Tumepona."

"Kweli tumepona," wakaitikia wenziwe, wakaisifu lami ilivyonyooka.

Mkubwa alikuwa ametoka garini, viatu mkononi, suruali imelowa hadi magotini.

"Haliwel, hapa tuko wapi?"

Bwana Haliwel akatazama huku na huku.

"Shambani, bwana."

"Shamba la nani?" akauliza Bi Chiku.

"La... la Bi Chiku."

Watu wakakunja kanzu na kanga, wakashika gari. Idarusi akainua mkono kuwazuia.

"Samahani, Bwana Haliwel. Kamera ilikuwa haijaanza kuzunguka. Sema tena, tafadhali, na useme polepole."