Siku Mkurugenzi Alipohakiki Mbwa wa Nyamatsanga

Kuanzia tarehe mosi Februari, ilikuwa marufuku kwa mkazi yeyote wa Wilaya ya Nyamatsanga kulalamika kupitia jina la mtoto. Tangazo hilo lilisomwa na Mkurugenzi wetu, Bwana Rukudzo Gumbodete, akiwa amesimama juu ya meza, kwa kuwa jukwaa lilikuwa bado kwenye mchakato. Siku hiyohiyo ikafunguliwa Ofisi ya Maana za Majina, nami nikateuliwa kuwa Msaidizi Mwandamizi wa Maana.

Hali ilikuwa mbaya. Kwetu mtu akigombana na jirani hamwendei. Anasubiri azae, kisha anampa mtoto jina la kile alichotaka kusema. Ndiyo maana tuna akina Muchaneta, yaani mtachoka, na Hazvinei, yaani haidhuru, na Tambudzai, yaani sumbueni. Mama mkwe akichokoza leo, mjukuu anaubeba ujumbe miaka sabini. Utafiti wangu, nilioufanya kwenye foleni ya mkate, ulionyesha kwamba nusu ya wilaya inalalamika kila inapoitwa kula.

Ofisi ikatoa orodha ya majina yanayojenga: Farai, yaani furahini, Tinotenda, yaani tunashukuru, na Takaguta, yaani tumeshiba. Nilianza na mimi mwenyewe. Asubuhi niliingia kazini nikiwa Nhamoinesu, shida tunayo, jioni nikatoka nikiwa Farai. Mke wangu alipokiona cheti alicheka mpaka sadza, ugali wetu, ikaungua.

"Farai," akaniita, "njoo ule mkaa."

Mwananchi wa kwanza kutusumbua alikuwa Ratidzo, mshonaji wa sare za shule, aliyekuja na binti wa wiki tatu mgongoni.

"Jina la mtoto?"

"Muchadura."

Maana yake mtakiri. Nikaweka kalamu chini. "Nani atakiri, dada?"

"Mwenyewe anajijua."

"Atakiri nini?"

"Kaka, nimejifungua mwezi wa mvua, zahanati haina paa. Nesi alishika mwavuli kwa mkono mmoja, akampokea mtoto kwa mwingine. Mabati yaliletwa na lori mchana kweupe, sote tuliyaona. Yako wapi?"

Ofisi haikuwa na taarifa za mabati. Ni kweli kwamba mwezi uleule nyumba mpya ya Mkurugenzi ilipata paa la kijani, na ni kweli kwamba mabati ya zahanati yalikuwa ya kijani. Lakini kijani ni rangi ya watu wote.

Mkurugenzi akatoka chumbani kwake. "Dada, jina ni rasilimali ya wilaya. Huyu mtoto akikua atakuwa anamtisha nani?"

"Anayetishika."

"Bila jina linalojenga hakuna cheti. Bila cheti hakuna kadi ya chanjo. Anayefuata!"

Ratidzo alikuja mara nne. Wiki ya mara ya nne, surua ilikuwa imeshaingia kata ya jirani. Akasimama mbele ya meza yangu, akamtazama mtoto, akasema, "Haya, andika hiyo Takaguta yenu." Machozi yakadondokea fomu. Nikampa fomu nyingine, maana iliyolowa haipokelewi. Nakiri kwamba siku ile chai niliiacha ikapoa, lakini hilo si suala la kiofisi.

Wiki mbili baadaye Ratidzo akapata mbwa, akamwita Muchadura.

Kanuni zetu hazikuwa na neno hata moja kuhusu mbwa. Mtaa mzima ukaligundua hilo kabla yetu. Kufikia Aprili kila boma lilikuwa na mbwa mwenye la kusema. Makaba, mliiba. Dzoserai, rudisheni. Hamunyari, hamna haya. Tinokuzivai, tunawajua. Watu hawakufanya fujo yoyote. Mkurugenzi alipopita asubuhi kwenda kazini, walisimama malangoni wakiwaita mbwa wao waje kula.

"Makaba! We Makaba! Samahani, baba, si wewe. Namwita mbwa."

Mkurugenzi akaitisha kikao. "Nitawashtaki wote!"

"Mheshimiwa," nikasema, "mahakamani watakana. Watasema huyo mbwa anaitwa Simba. Lazima kwanza tuhakiki kwamba hayo ndiyo majina ya mbwa wenyewe."

Hivyo ndivyo ilivyozaliwa Siku ya Uhakiki wa Mbwa. Utaratibu ulikuwa mwepesi: Mkurugenzi anamwita mbwa kwa jina, mbwa akija, Mkurugenzi anasaini. Fomu niliichapa nyumbani, mke wangu akinisomea maneno kutoka fomu ya watoto. Huenda kuna mahali aliongeza maneno yake. Mkurugenzi akamwalika hata Naibu Katibu wa makao makuu, Bi. Thokozile Nkala, aje kushuhudia ubunifu wa wilaya.

Walikuja mbwa sitini na watatu pamoja na wenyewe. Mkurugenzi, ndani ya suti ya bluu, akashika kipaza sauti.

"Makaba!"

Mbwa wa kahawia akaja mbio, akamlamba kiatu. Sahihi.

"Dzoserai!" Sahihi.

"Hamunyari!" Wakaja watatu. Sahihi tatu.

Mbwa wa Ratidzo ndiye aliyekwamisha shughuli. Alikuwa amelala majanini.

"Muchadura!"

Mbwa akapiga miayo.

"Ita kama mtu mwenye nia, baba," Ratidzo akamshauri.

"Muchadura!"

"Usimfokee. Amezoea kubembelezwa."

Mkurugenzi akapiga magoti kwenye majani na suti yake, akanong'ona ndani ya kipaza sauti, "Muchadura, tafadhali." Mbwa akainuka. Umati ukapiga makofi. Sahihi.

Wakati huo Bi. Nkala alikuwa amechukua fomu moja ajipepee, akajikuta anaisoma.

"Bwana Gumbodete, hapa pameandikwa: 'Nimelichunguza jina hili, na ninathibitisha kwamba maana yake ni kweli.' Jina lenyewe ni mliiba. Sahihi hii ya nani?"

"Hilo ni jina la mbwa tu, mheshimiwa."

"Sijauliza jina. Nimeuliza sahihi."

"Ni yangu. Ila nilisaini bila kusoma."

"Zote sitini na tatu?"

"Huwa sisomi, mheshimiwa. Nasaini."

"Hata za watoto?"

"Hata za watoto."

"Basi vyeti vyote ulivyowabadilishia watu majina ni karatasi za kufungia karanga." Akaikunja fomu, akaitia mkobani. "Na hicho mnachodaiwa kuiba, kiko wapi?"

Watu walianza tu kutembea, mbwa mbele, kuelekea paa la kijani. Bi. Nkala akawafuata. Mke wa Mkurugenzi akafungua mlango, akautazama umati, akamtazama mumewe.

"Ngazi iko nyuma," akasema, kabla hajaulizwa kitu.

Chini ya kila bati palikuwa na mhuri wa zahanati.

Mabati yalirudi yalikotakiwa kabla ya mvua. Ratidzo alikuja na mtoto, nikamwandikia Muchadura kwa herufi kubwa, kwa mkono wangu.

"Lakini mwenyewe ameshapatikana, dada. Bado unalitaka?"

"Wako wengine," akasema, akaikunja karatasi na kuitia kifuani.

Bwana Gumbodete anasubiri kesi yake nyumbani, chini ya turubai. Mvua za Novemba zilipoanza, mkewe alikwenda kwa Ratidzo kuomba mtoto wa mbwa. Amempa jina la Ndakakuudzai, yaani nilikuambieni. Anamwita asubuhi, mchana na jioni, kwa sauti ya kufika mtaa wa tatu, na majirani wanasema mbwa mwenyewe muda wote huwa yuko palepale, amelala miguuni pake.