Mashine ya Sauti Haina Adabu

Thika,
Agosti 1959

Kwa Bwana Meneja,
Kampuni ya Picha za Maweni,
Nairobi

Bwana Meneja,

Natumaini hujambo, na kwamba meza yako bado ina nafasi ya barua ya mtu mwenye uchungu. Mimi ni Absalom Kiilu, mwongozaji wa picha zako zote zisizo na sauti, zile zilizopendwa kuanzia Ruiru mpaka Thika. Nimesikia kwamba picha ijayo ataongoza Dalmas, fundi wako wa mashine ya sauti. Nimeumia sana. Kabla hujatia sahihi, tafadhali yasome malalamiko yangu.

La kwanza. Mashine ya sauti haina adabu. Kamera, ambayo tumeishi nayo kwa heshima miaka yote hii, huangalia mbele tu. Aliyesimama nyuma yake anaweza kujikuna, kula muhogo au kufoka, nayo haina habari naye. Nilidhani mashine mpya ni ya ukoo huo huo, kwamba itamsikia aliye mbele yake na kumwacha aliye nyuma. Dalmas alipoweka kidole mdomoni akinitazama, nilifikiri jino linamuuma, nikampa pole. Basi tulipopiga picha ya kifo cha mzee, niliongoza kama ninavyoongoza siku zote, yaani kwa kelele.

La pili ni matokeo yake. Jumamosi, picha ilipoonyeshwa kiwanjani Ruiru, mzee huyo (ndiye Muigai, fundi cherehani wetu) alikuwa anakata roho. Binti yake amepiga magoti, watu wametulia, akina mama wameshika vitambaa. Ndipo sauti yangu ikatoka juu ya maiti: "Muigai, usife kwanza, jua limeingia kwenye wingu. Na wewe Wangeci, lia vizuri, huyo ni babako, si kuku." Watu walicheka mpaka shuka la picha likatikisika. Mke wangu Ndinda alikuwa safu ya mbele. Alisema hiyo sauti anaisikia bure nyumbani kila siku, na haelewi kwa nini Kampuni imeinunulia mashine.

La tatu. Zamani nilisimama kando ya shuka nikiwaeleza watu picha kwa mdomo wangu. Nikiwa Ruiru, mwizi wa kwenye picha alikuwa mtu wa Thika. Nikiwa Thika, mwizi yule yule alikuwa mtu wa Ruiru. Miji yote miwili ilienda kulala imeridhika. Sasa mwizi aliyeiba kahawa ya marehemu anasema kwa kinywa chake kwamba kwao ni Ruiru, na anayasema hayo mbele ya watu wa Ruiru. Aliyeigiza ni Kagwe, ambaye hajawahi kuiba hata yai, lakini tangu siku hiyo mama mkwe wake amehamishia kuku chumbani. Je, haya ndiyo maendeleo?

La nne nalitaja kwa faida yako. Picha zikianza kujisemea, kesho zitajiongoza, na kesho kutwa zitajitazama zenyewe. Wewe utabaki na kiti tu, Bwana Meneja, na nakuonea huruma.

Kwa hiyo naomba mashine irudishwe ilikotoka, Dalmas apewe gari aendeshe, nami nibaki na kazi yangu. Sijui kazi nyingine, na kusema kweli sitaki kuijua. Nikisimama nyuma ya kamera ndipo ninapojiona mtu.

Wasalimie makarani wote, dereva wa gari la sinema, na yule mama wa chai ambaye hunikaribisha hata siku unazosema hupo.

Ni mimi mtiifu wako, mwenye kinyongo,
Absalom Kiilu

Tanbihi: Kabla sijafunga bahasha, Dalmas amefika kutoka Witeithie. Anasema jana watu walikataa kuondoka mpaka kile kifo kirudiwe, na wote wanauliza yule mzee mkali asiyeonekana ni nani, na ataonyesha sura lini. Amenipa nafasi ya baba mkwe katika picha yake, nami nimekubali. Tafadhali mwachie mashine, na kazi umpe. Nina sharti moja tu: ninapoigiza, mwongozaji anyamaze.