Kompyuta Imeninunia

Ijumaa, 4 Juni 2004

Usafi wa jumla. Wakaguzi wa dayosisi wanakuja shuleni Jumatatu. Nimepangiwa chumba cha kompyuta! Wenzangu wamepata vyoo. Sikuwacheka. (Niliwacheka kidogo.)

Kompyuta yenyewe ni moja tu, zawadi ya usharika rafiki wa Ujerumani. Imefunikwa kitambaa cha kufuma, kama redio ya sebuleni. Ubavu wake mmoja hauna mfuniko, eti ipate hewa kwa joto hili la Same. Nikachungulia ndani. Aibu! Nyaya zimetapakaa kama tambi zilizomwagika. Mwalimu wa sayansi kimu hutuambia kwamba msichana hupimwa kwa uvungu wa kitanda chake, si kwa shuka la juu.

Nikazima umeme kwanza, kama tulivyofundishwa. Nikazipanga nyaya, nikazifunga mafungu mafungu kwa uzi wa kufumia wa rangi ya machungwa alionipa Bibi. Waya mmoja mwembamba, unaotoka kwenye matundu mawili ya mbele, ulikuwa unakatiza katikati kama mtu anayepita kwenye shamba la watu. Nikauchomoa, nikaukunja, nikaufunga kwa kifundo cha kipepeo. Nikawasha. Kompyuta ikawaka kama kawaida. Kumbe waya ule haukuwa na kazi!

Chumba kimependeza. Hakuna aliyenisifu.

Jumapili, 6 Juni

Furaha! Dereva wa gari la Mhezi, kijijini kwetu milimani, ameleta bahasha ya Bibi. Ndani mna barua, aliyoandikiwa na mwinjilisti kwa sababu macho yake hayaoni vizuri, na CD iliyofungwa kwenye leso.

Shangazi Honorata ameituma kutoka Ujerumani anakosomea uuguzi. Ameweka sauti yake. Bibi hajamsikia mwanawe miaka miwili sasa, na barua huchukua mwezi. Huko Mhezi hakuna wa kuipiga CD. Redio ya mchungaji inapiga kanda tu. Deki ya kinyozi wa stendi imeitema mara tatu, amesema dereva, kama mtoto anayekataa uji wa ulezi. Kwa hiyo Bibi anashuka Jumamosi, siku ya kutembelewa, asikie kwangu. Ameandika kwamba tangu Krismasi anawaambia majirani kuwa mjukuu wake ndiye anayeiendesha kompyuta ya shule.

Hayo nilimwambia mwenyewe. Ukweli ni kwamba ufunguo anao Eliaichi, mwenzangu wa Kidato cha Tatu. Anauvaa shingoni kama msalaba, na kompyuta anaiita "mashine yangu".

Mpango: kumlainisha Eliaichi.

Jumatatu, 7 Juni

Wakaguzi wamekuja. Wameangalia vyoo tu.

Nimemlainisha Eliaichi kwa kukubali zamu zake tatu za kuchota maji. Jioni akafungua chumba, akaniambia nisiguse kitu kabla yeye hajagusa. Tukaweka CD. Tukachomeka hedifoni kwenye tundu la kijani la mbele, pale penye alama ya masikio. Namba zikaanza kukimbia kwenye kioo: sekunde ya kwanza, ya pili, ya tatu.

Kimya.

Nikasema labda Ulaya wanaanza polepole. Tukangoja mpaka dakika ya nne. Kimya! Eliaichi akasema shangazi yangu kasahau kusema. Nikamwambia Shangazi Honorata hajawahi kusahau kusema tangu azaliwe.

Mwalimu Zefania, anayeijua kompyuta, yuko semina Moshi. Anarudi Jumamosi. Jumamosi hiyohiyo!

Jumanne, 8 Juni

Nimefanya uchunguzi, hatua kwa hatua, kama kwenye maabara.

Hedifoni: nimezichomeka kwenye redio ya matroni. Zinaimba vizuri. Hazina hatia.

Alama ya spika kwenye kioo: ilikuwa na msalaba mwekundu! Nikashangilia. Nikautoa, nikapandisha sauti hadi juu kabisa. Bado kimya.

CD: nimeifuta kwa leso, kisha kwa pumzi, kisha kwa sketi. Ina faili moja, dakika kumi na moja. Eliaichi ameweka CD ya kwaya iliyokuja na kompyuta. Nayo kimya. Kwa hiyo Shangazi hana hatia.

Anayebaki ni Eliaichi. Nilimwona wiki iliyopita akichomeka hedifoni kwenye tundu la waridi, ambalo ni la kipaza sauti. Ameitia kompyuta mkanganyiko. Nimemwambia hivyo kwa heshima. Amenijibu kwamba mimi hata pasi ya mkaa inanishinda, sembuse mashine yake. Sasa ananidai zamu mbili zaidi.

Jumatano, 9 Juni

Wazo! Nyuma ya kompyuta pia kuna tundu la kijani. Mbele pakiwa pabovu, nyuma ni pazima. Akili hii inanishangaza hata mimi mwenyewe.

Tumeivuta meza. Waya wa hedifoni ni mfupi, ikabidi nikae nyuma ya CPU nimepiga magoti, kichwa kimegusa ukuta, kama mtu anayeadhibiwa. Mwalimu wa zamu akapita, akaniuliza nimekosa nini. Nikamwambia bado sijajua.

Nyuma nako kimya! Matundu mawili, yote yamekufa siku moja. Eliaichi amepauka. Anasema sasa ataambiwa ameiua mashine ya dayosisi. Nimemhurumia. Nikamshauri tuseme ni mjusi. Akachungulia ndani kumtafuta mjusi, akasema ajabu, humu ndani pamepangwa vizuri kama kabati la bibi harusi. Nikamwambia asante, ni kazi yangu.

Akanitazama kwa muda mrefu. Wivu.

Alhamisi, 10 Juni

Sijala makande, na yalikuwa na nazi. Namfikiria Bibi. Miguu yake huvimba akishuka huku tambarare, lakini anakuja. Mwinjilisti ameandika kwamba ameshonesha gauni. Gauni, kwa ajili ya kusikiliza!

Siwezi kumwambia arudi na kimya.

Mpango mkubwa: Rosemary. Tunalala kitanda kimoja cha ghorofa, yeye juu. Sauti yake ni nzito kama ya Shangazi, hasa wiki hii ana mafua. Atajificha nyuma ya pazia la kitenge la chumba cha kompyuta. Bibi atavaa hedifoni, mimi nitabonyeza, Rosemary atasema. Nimemwandikia maneno kurasa mbili: theluji, hospitali, viazi, salamu kwa ng'ombe. Rosemary ameuliza kama hii si dhambi. Nimemwambia ni mchezo wa kuigiza, ila mtazamaji ni mmoja na hajui.

Ijumaa, 11 Juni

Mazoezi. Tatizo: hedifoni ni kubwa, zinaziba masikio kabisa. Nimezivaa, sikumsikia Rosemary hata kidogo. Suluhisho: apaze sauti. Amepaza. Mpishi amekuja kuuliza nani ameungua.

Eliaichi amekubali kutoa ufunguo kesho. Hakutaka zamu yoyote ya maji. Amesema hata yeye ana bibi.

Jumamosi, 12 Juni



Bibi alifika saa tano, na gauni jipya la bluu, mkungu wa ndizi, na mfuko wa tangawizi. Nikampa shikamoo, akaitika marahaba huku ananipapasa uso kuona kama nimekonda. Akataka kupelekwa moja kwa moja kwenye kompyuta. Alipoiona akaipa pole kwa kazi.

Nikamkalisha. Nikamvika hedifoni juu ya kilemba. Nikabonyeza, nikakohoa mara mbili, ndiyo ishara.

Pazia likapiga kelele: "Shikamoo Mama mimi ni Honorata huku theluji ni nyingi sana nasoma kwa bidii viazi vipo!"

Yote kwa pumzi moja. Halafu pazia likapiga chafya.

Bibi akavua hedifoni polepole, akaziweka mapajani. Akasema, "Binti wa pazia, toka uje unywe tangawizi. Kifua hicho kitakuua."

Rosemary akatoka analia. Mimi nikaanza kulia kabla sijaulizwa. Nikamweleza Bibi yote: matundu, kimya, zamu za maji. Nikamuuliza amejuaje. Akasema Honorata tangu mdogo hajawahi kumpa shikamoo bila kungoja marahaba yake. Angengoja hata mvua inanyesha. Huyu wa pazia ameipita marahaba kama basi linavyoipita stendi.

Kisha akasema haidhuru, mjukuu wangu, nimekuona wewe. Akaanza kuikunja leso ya CD. Aliikunja mara nne, kidogo kidogo, hadi ikawa haiwezi kukunjika tena. Sijawahi kuona kitu kibaya kama hicho.

Hapo Eliaichi akatoka mbio. Nilidhani amekwenda kunishtaki. Alirudi akimvuta Mwalimu Zefania kwa mkono wa begi la safari, Mwalimu hajanywa hata maji tangu afike. Mwalimu akampa Bibi shikamoo, akasikiliza tatizo, akainama kwenye ule ubavu usio na mfuniko.

Akauliza nani ameisuka kompyuta nywele.

Akavuta waya mdogo uliokunjwa, wenye kipepeo cha rangi ya machungwa. Akatuonyesha. Sauti, alisema, hutoka kwenye ubao, hupita waya huu hadi matundu ya mbele, ndipo hurudi kwenye tundu la nyuma. Njia ikikatika hapa, mbele kimya na nyuma kimya. Anayetaka kuuchomoa lazima kwanza aziunganishe pini zile mbili mbili kwa vifuniko vyake vidogo, la sivyo sauti haina pa kupita.

Nilitazama dari. Dari yetu ni chafu.

Bibi akaomba auone waya ule kwa karibu. Akashika kipepeo kwa vidole viwili. "Huu ni uzi wangu," akasema. "Na kifundo hiki nilimfundisha mimi."

Nilitaka ardhi inimeze. Lakini Bibi alikuwa anacheka! Anacheka mpaka kilemba kinateleza. Akamwambia Mwalimu asinichape, kwa kuwa kosa limefungwa vizuri. Mwalimu naye akacheka. Eliaichi hakucheka. Alisema tu neno "mjusi", mara moja.

Mwalimu akazima umeme, akakata uzi, akachomeka waya kwenye pini zake kwa kuangalia ule upande usio na pini moja, akawasha. Bibi akavaa hedifoni. Namba zikaanza kukimbia.

Nikautazama uso wake. Kwanza hakuna kitu. Halafu mdomo ukafunguka.

Ghafla akanyanyua mkono. Mwalimu akauliza kama sauti imekatika. Eliaichi akaruka kushika pini. Bibi akampiga kofi dogo mkononi, akaitazama kompyuta, akasema kwa sauti ya kanisani: "Marahaba, mwanangu. Marahaba sana."

Baadaye alinipa upande mmoja wa hedifoni, tukarudia mwanzo. Ni kweli. Shangazi anasema, "Shikamoo, Mama." Kisha kimya. Nilihesabu: sekunde saba. Amemwachia nafasi. Huko aliko, peke yake chumbani, amenyamaza sekunde saba akimngoja Bibi aitike. Kisha anasema, "Haya. Nimesikia."

Bibi ameisikiliza CD yote mara tatu, na mara zote ameitika. Mara ya tatu tuliitika wote, hata Rosemary, kwa pua.

Wakati wa kuondoka Mwalimu amemwahidi Bibi kwamba likizo ya Septemba atarekodi majibu yake kupitia lile tundu la waridi. Bibi ameuliza kama ataruhusiwa kuleta ng'ombe. Kisha Mwalimu akanigeukia. Amenikataza kuchomoa waya wowote wa kompyuta bila kumuuliza, maisha yangu yote. Nimeahidi. Eliaichi amefuta zamu zilizobaki, isipokuwa moja, ya mjusi.

Jumapili, 13 Juni

Ibada nzuri. Nimeomba msamaha, nimesamehewa, nimekuwa mtu mpya.

Nimejitolea kubaki kufagia madhabahu. Jumapili ijayo ni kipaimara, na askofu atahubiri. Nikaona nyuma ya mimbari, pale penye amplifaya ya vipaza sauti. Jamani! Nyaya kama shamba la viazi vitamu. Askofu atasimama juu ya uchafu ule!

Mwalimu alikataza kompyuta. Amplifaya hakuitaja. Na uzi wa Bibi umebaki, karibu nusu bonge.

Zimependeza sana sasa, mafungu matatu, vipepeo vitatu. Waya mmoja mnene ulikatiza katikati ukiharibu mpangilio. Sikuuchomoa, nimeahidi. Ulikuwa umelegea wenyewe. Niliusaidia tu.

Nadhani haukuwa na kazi.