Kitaalamu, Alizeti Haigeuki

Jumanne, 8 Aprili

Siku ya kwanza nzima bila mke. Nimekunywa chai kavu, haina sukari, kwa sababu sijui sukari inakaa wapi. Miaka kumi na sita kwenye nyumba hii ya Utemini na sijui sukari inakaa wapi!

Niandike ukweli, maana kaunta buku hili halisomwi na mtu. Juzi Jumapili tulikuwa Sepuka kwa wakwe, sherehe ya kipaimara cha mtoto wa shemeji. Baba mkwe, Mzee Mughwai, akasimama kutoa nasaha zake. Ni zile zile. Alizitoa kwenye harusi yangu na amezitoa kwenye kila harusi ya Sepuka tangu hapo: kwamba mtu na mwenzake wawe kama alizeti, inayolifuata jua asubuhi hadi jioni bila kuchoka. Watu wakapiga makofi. Nami nikasimama. Nikaanza na shikamoo, Mungu ni shahidi wangu. Kisha nikasema kwamba kitaalamu alizeti hailifuati jua, inatazama mashariki kutwa nzima, na kwamba hii ni dhana potofu iliyoenea sana.

Hata kuku walinyamaza.

Jana Winfrida akafunga begi. Hakupiga kelele, na hilo ndilo linalonitisha. Alisema amesahihishwa miaka kumi na sita. Popo si kipofu. Kinyonga hana sumu. Mafua hayaletwi na baridi, akaambiwa hivyo siku anaumwa mafua. Amechoka. Atarudi siku nitakapokaa na baba yake mlo mmoja mzima bila kumsahihisha. Nikamwuliza hata kama amekosea? Akabeba begi.

Pasaka ni tarehe ishirini. Sijawahi kula Pasaka bila Winfrida na sitaki kujua inakuwaje.

Alhamisi, 10 Aprili

Mpango wa kwanza: barua. Steshenari yangu ina kompyuta, printa na mashine ya kutolea kopi. Kama kuna mtu mkoa huu anayeweza kuomba radhi kwa maandishi, ni mimi. Ukurasa wa kwanza ulikuwa mzuri mno. Nililengwa na machozi nikiuchapa. Kisha nikaona kwamba bila ushahidi mzee anaweza kudhani nilimpinga kwa dharau tu. Nikaweka kiambatisho. Kurasa nne, picha za rangi. Frank wa bodaboda akaupeleka mzigo jana.

Leo mama mkwe kanipigia. Barua ilisomwa mbele ya wote. Ukurasa wa kwanza ulimgusa mzee, akauliza hata kama huku ninakula. Halafu kikaja kiambatisho. Mama anasema karatasi zangu ni ngumu, haziwashi moto vizuri.

Nimeuliza nani alisoma. Derick! Derick ni mwanyumba wangu, amemwoa mdogo wake Winfrida, anauza pembejeo Ikungi, na kazi yake kubwa ukweni ni kusema "kweli kabisa, baba". Mama anasema mzee alimwambia inatosha, lakini Derick akaendelea kusoma kiambatisho mpaka mwisho, polepole, pamoja na maelezo ya picha.

Ijumaa, 11 Aprili

Mpango wa pili: mazoezi ya kunyamaza. Nimeanza saa mbili asubuhi dukani. Saa mbili na nusu mteja mmoja akasema radi haipigi mahali pamoja mara mbili. Nikajiuma ulimi. Saa tatu mwingine akasema ng'ombe dume hukasirishwa na rangi nyekundu. Nikaenda nyuma ya duka, nikapumua, nikarudi. Nilijiona mtu mpya kabisa.

Saa nne akaja Mwalimu Esta kutoa kopi za mtihani wa sayansi, watoto tisini. Akaniachia akaenda sokoni. Swali la sita lilisema: taja mnyama asiyeona. Jibu lililokusudiwa najua ni popo. Sikusema neno hata moja. Nikafuta swali kimya kimya, nikaandika lingine zuri zaidi, nikatoa kopi tisini.

Mwalimu Esta amerudi, amesoma, amekaa chini. Aliniuliza, kwa sauti ya mtu aliyefundisha tangu asubuhi, Gerald, nani amekutuma? Nimerudia kopi zote kwa karatasi zangu na wino wangu. Wakati wa kutoka aliniuliza Winfrida yuko wapi siku hizi. Nikasema amesafiri. Akasema ameelewa.

Jumapili, 13 Aprili

Mpango wa tatu: kwenda mwenyewe. Nimefika Sepuka baada ya ibada ya Matawi na jogoo mmoja na dumu dogo la asali. Shikamoo kwa wote, mpaka kwa jirani aliyekuja kuazima jembe. Winfrida akanipokea jogoo. Hakucheka, ila alinitazama shati, nadhani aliona halijapigwa pasi.

Tukakaa kula, mimi, mzee na Derick. Mzee alijua ninapimwa, na mzee ana roho mbaya kidogo akitaka. Akaanza na kinyonga, kwamba ana sumu. Nikatia tonge mdomoni. Akaja na mbuni, kwamba akiogopa anafukia kichwa mchangani. Tonge. Popo. Tonge kubwa. Derick kila mara akasema kweli kabisa, baba. Mama mkwe akafurahi, akaniongeza ugali, akasema mkwe wetu kumbe ana njaa. Kwenye mlango wa jiko nilimwona Winfrida amesimama na bakuli, na safari hii alikuwa anatabasamu. Kulikuwa kumebaki kunawa mikono tu!

Derick akafungua dumu la asali. Akalitazama. Akasema, kwa masikitiko, kwamba asali hii imeganda, na asali ikiganda basi imechanganywa na sukari, sijui mwanyumba aliuziwa na nani. Mzee naye akasema ni kweli.

Zawadi yangu! Mbele ya mke wangu!

Nikasema kwamba kitaalamu asali safi nayo huganda. Niliyasema yote, na sababu zake, mpaka nikamaliza. Nilipoinua macho mlango wa jiko ulikuwa mtupu.

Mzee akanawa mikono taratibu. Akasema basi, wewe uliyesoma, njoo Jumanne ukae kwenye alizeti zangu tangu jua linapotoka mpaka linapozama. Zisipogeuka, siku ya Pasaka nitasimama mbele ya watu niseme nimedanganya miaka yote. Zikigeuka, utasimama wewe. Derick akasema kweli kabisa, baba.

Jumanne, 15 Aprili

Nimeungua shingo. Naandikia sebuleni kwa wakwe.

Derick mwenyewe alinibebea kigoda alfajiri. Alikuwa mpole mno, ilibidi nishtuke. Akanipitisha kwenye lile shamba kubwa lililochanua, akanipeleka hadi kipande cha chini, kule mzee alikopanda upya baada ya mvua za mwanzo kukatika. Alizeti za kunifika kifuani, vichwa bado vya kijani, havijafumbuka. Akasema hapa utaona vizuri. Nikakaa.

Saa mbili asubuhi zilitazama mashariki. Nikacheka peke yangu. Saa sita nikaona kama vichwa vimeelekea juu. Nikasema ni jua, macho yamechoka. Nikafunga uzi kwenye kimoja ili nikipime. Saa tisa uzi ulikuwa upande mwingine. Sijawahi kupigwa na mmea kiasi hiki.

Saa nane Winfrida alikuwa ameniletea chakula na kanga ya kujifunika kichwa. Alikaa. Tukaongea kama zamani. Aliniuliza ninataka nini hasa, kuwa sahihi au kula Pasaka pamoja. Nikasema Pasaka. Nilisema haraka, bila kufikiri, na baadaye nikagundua ilikuwa kweli. Nimemkumbuka mke wangu mpaka inauma. Akasema nikikiri mbele ya watu bila kiambatisho, anarudi Utemini jioni ile ile.

Jioni zote zilitazama magharibi, zote! Mzee akaja, akatazama, akanipa maji. Nimeshindwa, na nimefurahi.

Alhamisi, 17 Aprili

Nimesoma tena ile makala niliyotolea kiambatisho. Kuna aya nilikuwa nimeiruka.

Alizeti changa hulifuata jua. Ikishachanua na kukomaa, shina hukaza, na kichwa hubaki kinatazama mashariki. Changa! Nami niliwekwa kwenye changa! Sasa nakumbuka wakati wa kutoka shambani juzi tulipita lile shamba kubwa, jua linazama, na maua yote yalikuwa yamelipa jua mgongo. Niliyaona. Nilikuwa nimechoka, nikapita.

Kwa hiyo nilikuwa sahihi. Nusu sahihi. Na mzee nusu. Na Derick anauza mbegu, anajua!

Sitasema. Nimeandika sitasema mara ishirini kwenye karatasi ya A4 na kuibandika juu ya printa. Mteja ameuliza kama ni tangazo.

Jumapili, 20 Aprili. Pasaka

Sikusema!

Watu walijaa uani kwa Mzee Mughwai baada ya ibada. Begi la Winfrida lilikuwa tayari mlangoni. Nikasimama, shikamoo, nikasema baba alikuwa sahihi, nilikaa shambani kutwa, alizeti hulifuata jua. Nikakaa. Maneno yaliyobaki yalinikaa kooni kama mwiba wa samaki, lakini nilikaa.

Ndipo mzee akasimama. Akasema mkwe wangu amekiri kiungwana, na mimi nikiri. Zilizokomaa hazigeuki. Nimelima alizeti tangu sijaota ndevu, mnadhani sijaona? Kipande kile nilimwelekeza Derick mimi mwenyewe. Lakini harusini nasema na wachanga. Hao ndio wanaogeuka, na wanageuka siku chache tu, basi. Niwaambie nini, kwamba wakikomaa watakaza shingo? Hilo watalijua wenyewe.

Watu walicheka mpaka wengine wakalia. Mama mkwe alijifuta macho kwa kanga. Derick alisema kweli kabisa, baba. Nikamshika mzee mkono, na sina aibu kuandika kwamba nami nililia kidogo. Jioni nimerudi Utemini na mke wangu. Sukari, kumbe, inakaa kwenye kopo la Blue Band.

Jumatatu, 21 Aprili. Jumatatu ya Pasaka

Asubuhi chai tamu. Winfrida alikaa karibu yangu, akanishika mkono, akasema siku zote hizi Sepuka moyo wake ulikuwa unanikumbuka mimi tu.

Nilikusudia kumwambia na wangu pia. Nilikuwa nimeshafungua mdomo. Nikasema kwamba kitaalamu moyo haukumbuki, moyo ni pampu, kinachokumbuka ni ubongo.

Hakukasirika. Alimalizia chai yake. Begi hata hakuwa amelifungua. Mlangoni akasema kwa upole, baba hakukosea, mume wangu, kilichokomaa hakigeuki. Frank wa bodaboda amempakia saa nne.

Nimekaa peke yangu nikalitafakari neno lake kwa muda mrefu. Limeniumiza. Tena si sahihi kabisa. Kitaalamu, alizeti ikijaza mbegu kichwa huinama, kwa hiyo mwendo upo.

Nimefungua duka ingawa ni sikukuu, nimechapa barua ya kumwomba radhi. Frank akirudi atageuza nayo kwenda Sepuka. Safari hii kiambatisho ni ukurasa mmoja tu.